Baridi ile ile, damu ile ile, jibu tofauti

JUMA hili nakutegea kitendawili. Sema "tega"!

Baridi ikimpata mtu, kipo kitu kimoja katika damu yake ambacho hupungua. Lakini ukimtoa mtu yuyo huyo damu ukaitia katika kichupa, na kichupa ukakiweka katika friji, kitu kile kile huongezeka. Baridi ni ile ile na damu ni ile ile. Je, ni kitu gani?

Umeshindwa? Basi nipe mji. Nimekwenda Lamu nikala nikashiba, nikanywa maji ya dafu nikashukuru, na hili ndilo jibu: potasiamu.

Usidhani kuwa huu ni mchezo wa watoto wa kungojea chakula kiive. Kuna wagonjwa ambao uhai wao hutegemea namba moja tu iliyoandikwa na maabara, na namba hiyo ni ya potasiamu. Anayeisoma bila kuuliza baridi ilipita wapi, mwilini au kichupani, anaweza kumtibu mtu ugonjwa asio nao, au akamwacha na ule alio nao.

POTASIAMU NI NINI?

Potasiamu ni madini tunayoyapata katika vyakula vya kila siku: ndizi, viazi, maharagwe, mboga za majani na hata hayo maji ya dafu niliyoyataja. Bila potasiamu, misuli haiwezi kukaza na kulegea sawasawa, neva haziwezi kupeleka habari, na moyo hauwezi kupiga kwa mpango.

Katika damu ya mtu mzima mwenye afya, maabara hutarajia kuona potasiamu ya kati ya 3.5 na 5.0 hivi. Kipimo chenyewe huitwa milimoli kwa lita, lakini hapa nitataja namba tu. Ikishuka chini ya 2.5, misuli hulegea na moyo huweza kwenda mrama. Ikipita 6.5, moyo huweza kusimama ghafla. Unaona basi kuwa njia ya salama ni nyembamba mno.

Ajabu ni kuwa damu yenyewe ina potasiamu kidogo sana. Tukiigawa potasiamu yote ya mwili mafungu 100, mafungu 98 hivi yamo ndani ya seli, yaani zile chembe ndogo ndogo ambazo ndizo matofali ya mwili. Ndani ya seli potasiamu hufika 140 hivi, ilhali nje, katika majimaji ya damu, ni 4 tu au 5. Kwa hivyo maabara inapopima potasiamu ya damu, ni kama mtu anayehesabu watu waliosimama kituoni ilhali umati wote umo ndani ya matatu.

MAKANGA WA SELI

Maadamu tumetaja matatu, na tumtaje makanga. Kila seli ina makanga mlangoni. Kila akizunguka mara moja, husukuma potasiamu 2 ndani na kutoa sodiamu 3 nje. Sodiamu ni ile iliyomo katika chumvi ya mezani. Hafanyi kazi hii kwa ukorofi. Ukuta wa seli unavuja, na potasiamu, kama abiria aliyebanwa, hutafuta kila mwanya wa kuchomoka. Makanga akisinzia, gari hubaki tupu na kituo kikajaa.

Makanga huyu hafanyi kazi bure. Hulipwa kwa nishati ambayo seli huipata katika sukari, na katika seli nyingi nishati hiyo huhitaji oksijeni pia. Pakikosekana malipo, hapana kazi.

Aliyemgundua ni mwanasayansi wa Denmark, Jens Christian Skou. Alikuwa akichunguza neva za miguu ya kaa wa pwani, na mwaka wa 1957 akachapisha habari za kimeng'enya kinachohamisha sodiamu na potasiamu. Wanasayansi hukiita pampu. Miaka 40 baadaye, mwaka wa 1997, Skou alipewa nusu ya Tuzo ya Nobel ya Kemia kwa kazi hiyo iliyoanza kwa miguu ya kaa.

Mkumbuke makanga huyu, kwa maana yeye ndiye ufunguo wa kitendawili chetu.

BARIDI INAPOINGIA MWILINI

Joto la mwili ni kama nyuzi 37 za Selsiasi. Likishuka chini ya 35, madaktari husema mtu ana haipothemia, yaani mwili umepoa kupita kiasi. Kati ya 35 na 32 ni haipothemia nyepesi, na mtu hutetemeka sana. Kati ya 32 na 28 akili huvurugika na kutetemeka hukoma. Chini ya 28 moyo huwa hatarini, na hata kumgeuza mtu kwa vishindo huweza kuuchafua mwendo wake.

Huenda ukasema haya ni mambo ya Ulaya kwenye theluji. La hasha! Mtoto aliyezaliwa kabla ya wakati hupoa upesi hata Mombasa. Mzee dhaifu anayeishi peke yake hupoa. Mlevi aliyelala mtaroni Limuru usiku wa Julai hupoa haraka zaidi, kwa kuwa pombe hufungua mishipa ya ngozi na kulitoa joto nje. Kijana anayepanda Mlima Kenya, wenye urefu wa mita 5,199, akinyeshewa na kukosa nguo kavu, hupoa pia. Maji hupitisha joto zaidi ya mara 20 kuliko hewa, na ndiyo maana nguo iliyolowa ni adui.

Sasa, mwili unapoanza kupoa, hutoa adrenalini, homoni ile ile inayokushtua unapokutana na mbwa mkali. Kwa makanga wetu, adrenalini ni kama dereva anayepiga honi akisema: jaza, twende! Makanga husukuma potasiamu zaidi ndani ya seli, na ile iliyosimama kituoni, yaani damuni, hupungua. Mgonjwa aliyepoa huweza kufika hospitalini akiwa na potasiamu ya 3, au hata chini ya hapo.

Figo nazo huchangia kidogo. Baridi hufunga mishipa ya ngozi, damu hujikusanya katikati ya mwili, na figo hudhani maji yamezidi. Hapo huyatoa kwa mkojo, pamoja na chumvichumvi kadhaa. Hiyo ndiyo sababu ya wewe kwenda haja ndogo mara kwa mara asubuhi za baridi.

Lakini lishike hili: sehemu kubwa ya potasiamu hiyo haikupotea. Imehama tu.

ALIYEHAMA HURUDI

Hapo ndipo penye hatari ya kwanza. Tuseme daktari amempokea mtu aliyepoa, na karatasi ya maabara inasema potasiamu ni 2.7. Mtu wa haraka atataka kumtilia potasiamu nyingi kwa dripu hadi namba ifike 4.5. Halafu mgonjwa anafunikwa, anapashwa, joto linarudi. Adrenalini inapungua, honi inanyamaza, na ile potasiamu iliyokuwa imehamia ndani inaanza kutoka. Inakutana kituoni na ile ya dripu. Namba inapanda kupita kiasi, na moyo ulionusurika baridi unasimama kwa dawa.

Kwa sababu hiyo, madaktari wanaomtibu mtu aliyepoa hutia potasiamu kwa uangalifu, hupima tena na tena, na humpasha joto huku macho yao yakiwa kwenye mashine inayoonyesha mwendo wa moyo. Wala mashine hiyo haitoshi peke yake, kwa kuwa mwili baridi huweza kuficha zile dalili ambazo moyo huzionyesha potasiamu inapozidi.

Somo hili lilithibitika katika vyumba vya wagonjwa mahututi. Mwaka wa 2002 tafiti mbili, moja ya Ulaya na moja ya Australia, zilieleza faida ya kuwapoza kwa makusudi, hadi nyuzi 32 hadi 34, wagonjwa ambao mioyo yao ilisimama kisha ikafufuliwa. Utafiti mkubwa uliochapishwa mwaka wa 2021 haukuona kuwa kupoza hivyo kunaokoa watu zaidi ya kuwazuia tu wasipate homa. Hata hivyo, jambo moja halikubadilika: potasiamu hushuka mgonjwa anapopozwa na hupanda anaporudishiwa joto. Kwa hivyo walimrudishia joto polepole, kiasi cha robo hadi nusu ya uzi mmoja kwa saa.

MTOTO ALIYEDHOOFIKA

Usije ukafikiri, msomaji, kuwa kila potasiamu ndogo ya mtu aliyepoa ni ya kungojewa irudi. Wako ambao kwao imepotea kweli kweli, na wa kwanza ni mtoto mwenye utapiamlo mkali.

Mtoto huyo hana mafuta ya kumkinga na baridi wala chakula cha kumpa joto. Hupoa upesi usiku, hata katika nyumba ambamo wengine wanaona ni shwari. Wakati huo huo seli zake zimekonda na makanga wake hawana malipo, kwa hivyo potasiamu yake imetoka kwa muda, hasa ikiwa ameharisha. Damu yake inaweza kuonyesha namba ya kawaida ilhali mwili umekaukiwa.

Kwa sababu hii Shirika la Afya Duniani, katika utaratibu wake wa kuwatibu watoto kama hawa hospitalini, huweka mambo haya pamoja: kuzuia sukari isishuke, kuzuia mwili usipoe, kulisha kidogo kidogo mara kwa mara mchana na usiku, na kuongeza potasiamu tangu mwanzo. Maziwa maalumu ya kuanzia matibabu yana potasiamu ndani yake. Mama anayeambiwa na muuguzi amfunike mtoto kichwa na amlishe saa nane za usiku, basi asione ni usumbufu. Joto na chakula ndiyo mshahara wa yule makanga.

BARIDI KICHUPANI

Sasa tugeukie upande wa pili wa kitendawili.

Damu imetolewa katika zahanati ndogo isiyo na maabara kamili. Sharti isafirishwe mjini. Mtu mwenye nia njema huona kuwa damu, kama maziwa, isipowekwa kwenye friji itaharibika. Basi anaiweka kwenye friji usiku kucha, au anaitia kisandukuni kati ya vipande vya barafu, na asubuhi inapanda pikipiki.

Kwa vipimo kadhaa baridi inafaa. Kwa potasiamu, ni kinyume. Ndani ya kichupa hamna adrenalini ya kupiga honi. Kwenye nyuzi 4 za friji, makanga wa chembe nyekundu za damu amekufa ganzi, lakini ukuta wa chembe bado unavuja. Potasiamu inatoka polepole, saa baada ya saa, na hapana wa kuirudisha. Damu iliyokuwa na 4.2 mkononi mwa mgonjwa inaweza kusomwa 6 au zaidi maabarani.

Jambo hili si geni. Mwaka wa 1941, mtafiti J. E. Harris wa Marekani alieleza kuwa chembe nyekundu za damu ya binadamu zikiwekwa katika baridi hupoteza potasiamu, na zikirudishiwa joto la mwili pamoja na sukari huivuta tena ndani. Na huko Uingereza, ambako damu hutolewa kwa madaktari wa mitaa kisha hubebwa kwa gari hadi hospitali kubwa, wataalamu wameona kuwa majibu ya potasiamu ya juu huzidi katika miezi ya baridi na kupungua katika miezi ya joto. Wagonjwa hawakubadilika, kilichobadilika ni hewa ya garini.

Joto nalo lina hila yake. Kichupa kikikaa mahali pa joto jingi, makanga huchangamka na kuvuta potasiamu ndani, namba ikashuka kwa uongo. Kisha sukari ya kichupani ikiisha, hulegea na namba ikapanda. Njia iliyo sawa ni moja: damu isikae. Izungushwe mapema katika mashine inayotenga majimaji na chembe, na hadi hapo ihifadhiwe katika joto la kawaida la chumba, si kwenye friji wala juani.

Wapo watakaosema kuwa fundi wa maabara angetambua. Damu ikitikiswa au kukamuliwa kwa nguvu, chembe hupasuka, na majimaji yake huwa mekundu. Hapo fundi huonywa na macho yake. Lakini damu iliyovuja kwa sababu ya baridi haipasuki chembe. Majimaji hubaki safi, ya rangi ya manjano, kama ya damu njema kabisa. Uongo wake hauonekani kwa macho. Njia ya pekee ya kuujua ni kuuliza: damu hii ilitolewa saa ngapi, na ililala wapi?

UONGO WA AINA MBILI

Uongo wa kwanza ni ule wa kuongeza. Mtu mzima wa afya anapigiwa simu aje mbio hospitalini kwa kuwa potasiamu yake ni 6.3. Anashtuka, anatoa nauli, anapimwa upya na kukutwa na 4.4. Huo ni usumbufu na gharama, lakini mtu yu hai.

Uongo wa pili ni mbaya zaidi kwa sababu haumshtui mtu. Mathalan, mtoto ameharisha na kutapika siku tatu, au mama anayemeza tembe za shinikizo la damu, zile za kutoa maji mwilini, anahisi miguu imelegea. Potasiamu yake ya kweli ni 2.8. Kichupa kinalala kwenye friji. Asubuhi namba inasomwa 4.1. Kila mtu anafurahi: ni kawaida! Mgonjwa anarudishwa nyumbani na upungufu wake. Baridi ya kichupani imejaza shimo lililokuwa mwilini, lakini kwenye karatasi tu.

Vile vile, tusiruke upande wa pili tukasema kila potasiamu ya juu ni ya friji. Mwenye ugonjwa wa figo anaweza kuwa na 6.8 ya kweli, na huyo hana muda wa kungojea. Dawa ya shaka ni kupima upya upesi na kwa njia iliyo sawa, huku mgonjwa akiangaliwa, wala si kubahatisha.

DAMU YA KUONGEZEWA

Msomaji makini atauliza: je, na damu ya benki? Hiyo nayo hukaa katika baridi ya nyuzi 2 hadi 6, na huweza kuhifadhiwa siku 35 au zaidi kulingana na dawa iliyotiwa ndani. Je, makanga wake hawasinzii?

Husinzia, na potasiamu huvuja kila siku, hivi kwamba majimaji ya mfuko uliokaribia mwisho wa muda wake huwa na potasiamu mara nyingi zaidi ya damu ya kawaida. Hata hivyo usiogope. Majimaji hayo ni machache, mfuko mmoja huingia polepole, na chembe zikishapata joto la mwili na sukari, makanga huamka na kuivuta potasiamu ndani tena.

Hatari ipo kwa watu wa namna mbili. Wa kwanza ni majeruhi au mama aliyevuja damu nyingi, anayetiwa mifuko mingi kwa kasi. Baridi ya damu yenyewe humpoza, na potasiamu humjia kwa wingi mara moja. Wa pili ni mtoto mchanga anayebadilishiwa damu. Kwa hao, madaktari hutumia mashine ya kuipasha damu inapoingia, na kwa mtoto mchanga huchagua damu iliyotolewa siku chache tu zilizopita.

Kuna jambo jingine la watoto wachanga. Damu yao mara nyingi hutolewa kisiginoni. Kisigino kikiwa baridi, damu haitoki, na mwenye kuichukua hukamua. Kukamua hupasua chembe, na potasiamu hupanda kwa uongo. Mguu uliopashwa joto kwanza hutoa damu kwa hiari na jibu la kweli.

NAMBA INAPOAMUA UHAI

Nimesema kuwa baridi hupunguza potasiamu mwilini. Hiyo ni kweli maadamu makanga bado anafanya kazi. Lakini akikosa oksijeni na malipo, seli hufa, milango hubaki wazi, na potasiamu yote humwagika nje. Hapo mwili huwa kama kile kichupa.

Tarehe 20 Mei mwaka wa 1999, daktari kijana wa Uswidi, Anna Bågenholm, alikuwa akiteleza kwenye theluji karibu na mji wa Narvik, Norway. Alianguka na kuzama chini ya barafu ya kijito. Alikaa ndani ya maji hayo dakika 80, na kwa dakika 40 hivi za kwanza aliweza kupumua katika mwanya wa hewa. Alipofikishwa hospitalini Tromsø kwa helikopta, moyo ulikuwa umesimama na joto lake lilikuwa nyuzi 13.7. Madaktari walimuunganisha na mashine ya kuzungusha damu na kuipasha. Moyo ukaanza tena. Baada ya matibabu ya muda mrefu alirudia kazi yake ya udaktari.

Aliokoka kwa kuwa alipoa akiwa bado anapumua. Seli zake zilipoa kabla ya kukosa hewa, na seli baridi huhitaji kidogo sana. Kama angekosa hewa kwanza na kupoa baadaye, seli zingekufa mapema, na baridi ingekuta nyumba tupu.

Daktari aliyepokea mwili baridi usio na mapigo ataijuaje tofauti hiyo? Mmoja wa mashahidi wake ni potasiamu. Ikiwa si ya juu, kuna tumaini. Ikiwa imepita 12, miongozo ya matibabu imekuwa ikiihesabu kuwa ishara kwamba seli zilikufa kabla ya baridi kuzihifadhi. Kwa waliofunikwa na maporomoko ya theluji, ambao wengi hukosa hewa kwanza, mpaka uliowekwa ni wa chini zaidi. Mwaka wa 2018 wataalamu wa Lausanne, Uswisi, pamoja na wenzao walitoa njia ya kukadiria tumaini kwa kuchanganya mambo kadhaa: umri, jinsia, joto la mwili, namna mtu alivyopoa, muda wa kumfufua, na potasiamu.

Madaktari wana usemi kuwa mtu aliyepoa hahesabiwi maiti mpaka apashwe joto na bado awe maiti. Basi fikiria, msomaji, damu ya mtu kama huyo ikikamuliwa kwa nguvu au kulazwa kwenye barafu kabla ya kupimwa. Namba ya uongo ingeweza kumhukumu mtu aliye hai. Ndiyo maana wataalamu husisitiza damu hiyo itolewe vizuri, ipimwe papo hapo, na jibu la kushangaza lihakikishwe kwa kipimo cha pili.

WEWE NYUMBANI UFANYE NINI?

Ukimkuta mtu aliyepoa, mtoe kwenye baridi taratibu, akiwa amelala. Mvue nguo zilizolowa, mfunike kavu, kichwa pia. Pasha joto kifua na tumbo kwanza, wala usimsugue mikono na miguu, kwa kuwa damu baridi ya huko itakimbilia moyoni. Usimtie katika maji ya moto. Usimpe pombe. Kama yu macho na anaweza kumeza, chai yenye sukari au uji ni dawa nzuri. Kisha mpeleke hospitalini hata akisema ni mzima. Wala usiwashe jiko la makaa katika chumba kilichofungwa; moshi usioonekana umewaua wengi waliokimbia baridi.

Mtoto mchanga, hasa njiti, mweke kifuani pako ngozi kwa ngozi, umfunike. Joto lake sharti liwe kati ya 36.5 na 37.5.

Unapotolewa damu ya kupima potasiamu, usikunje na kukunjua ngumi mara nyingi mkono ukiwa umefungwa. Hilo nalo hupandisha namba. Na jibu likija la ajabu, uliza kwa heshima: "Daktari, damu yangu ilikaa wapi kabla ya kupimwa?" Hilo si swali la kumfundisha mtu kazi. Ni swali ambalo yeye mwenyewe, akiwa na wagonjwa 50 mlangoni, huenda akafurahi kukumbushwa.

Wanafunzi nao wana la kubeba. Vitabu husema potasiamu ya kawaida ni 3.5 hadi 5.0, nanyi mnaikariri kwa mtihani. Ikaririni, lakini jueni kuwa namba ni mjumbe tu. Mjumbe hauawi, lakini huulizwa alikopitia.

Hadi juma lijalo, mpenzi msomaji, jifunike vizuri na ukae salama. Alamsiki.